Haki Iliyogeuzwa Sadaka: Kijiji cha Helpston na Mshairi Wake

Katika orodha ya vijiji vya Uingereza vinavyosifiwa kwa uzuri na ukongwe, Helpston hakikosi nafasi. Kiko baina ya miji ya Peterborough na Stamford, mahali ambapo nchi ya mawe ya chokaa inakutana na nchi tambarare ambayo zamani ilikuwa kinamasi. Kina kanisa la Mtakatifu Botolph, msalaba wa kale wa mawe, na nyumba moja ya kuta nyeupe iliyoezekwa nyasi, alimokulia mshairi John Clare, aliyezaliwa kijijini hapo tarehe 13 Julai 1793. Wageni huja, hupiga picha, huutazama mnara wa kumbukumbu uliosimamishwa mwaka 1869, kisha huenda zao wakiamini kuwa wameiona Uingereza ya zamani: iliyotulia, yenye maua, isiyo na ugomvi na mtu. Imani hiyo ni ya uongo, na uongo huo una wenye kufaidika nao.

Urithi wa Helpston ni ugomvi. Ni ugomvi juu ya ardhi iliyotwaliwa kwa sheria, na juu ya lugha iliyonyooshwa kwa nguvu ya wenye mitambo ya kuchapa. Katika mambo yote mawili lililotendeka ni moja: kile alichokuwa nacho mnyonge kwa haki kilichukuliwa, kisha sehemu yake ndogo akarudishiwa kwa jina la ihsani. Haki ikageuzwa sadaka. Na huu urithi wanaoonyeshwa wageni, wenye nyumba safi na bustani iliyopangwa, utakuwa sadaka ya mwisho katika mlolongo huo ikiwa wanaousimamia hawatautaja ugomvi wenyewe kwa sauti.

Yafaa kuanza na ardhi. Kabla ya mwaka 1809 Helpston kililimwa kwa desturi ya kale. Palikuwa na mashamba makubwa matatu yasiyo na ua ndani yake: Lolham Bridge Field, Heath Field na Woodcroft Field. Mkulima alikuwa na vipande vyembamba vilivyotawanyika humo, na kwa zamu shamba moja lilipumzishwa. Mavuno yakisha kuingia, mifugo iliachiwa ile mabua. Kando ya mashamba zilikuwepo nyika na malisho: Emmonsales Heath, Langley Bush, Swordy Well. Huko hata mtu asiyemiliki shubiri ya ardhi aliweza kuokota kuni, kuchuma matunda ya mwituni, na kupita kwa miguu yake bila ya kumwomba mtu radhi. Baadhi ya haki hizo zilikuwa na hati. Nyingi zilikuwa za ada tu, zimekaa katika vinywa na nyayo za watu.

Mwaka 1809 Bunge lilipitisha sheria ya kugawa na kuzungushia ua ardhi ya Helpston pamoja na ya vijiji jirani, vikiwemo Maxey, Glinton, Northborough na Etton. Wapimaji wakaja na minyororo yao. Njia zilizopinda zikanyooshwa, miti ikaangushwa, nyua za miiba zikapandwa, na hati ya mwisho ya mgawanyo ikatolewa mwaka 1820. Aliyekuwa na hati ya ardhi alipewa ardhi. Aliyekuwa na ada hakupewa kitu, maana ada haina muhuri. Wala Helpston hakikuwa peke yake: baina ya mwaka 1604 na 1914 zilipitishwa sheria zaidi ya 5,200 za namna hiyo, zikagusa ekari zipatazo milioni 6.8, ambazo ni zaidi kidogo ya moja ya tano ya ardhi yote ya England. Wahenga walisema akufukuzae hakwambii toka. Kibarua wa Helpston hakuambiwa toka. Aliona ua mahali palipokuwa na njia, akaona kibao cha kumkataza kupita, akajua.

John Clare alikuwa akikaribia miaka 16 sheria ilipopita. Baba yake, Parker Clare, alikuwa kibarua wa kupura nafaka na hodari wa nyimbo za kale. Mama yake, Ann, hakujua kusoma. Hawakuwa na ardhi, kwa hiyo hawakuwa na cha kufidiwa. Kijana mwenyewe aliingia katika makundi ya vibarua waliopanda nyua zile zile alizokuja kuzililia, kwani njaa haimwachii mtu nafasi ya kuchagua mwajiri. Baadaye alikwenda kuchoma chokaa katika jimbo la Rutland. Msomaji wa pwani anayelijua tanuu la chokaa hahitaji kuelezwa ugumu wa kazi hiyo. Baba alipolemazwa na baridi yabisi aliangukia mikononi mwa parokia, na ili asionekane kula bure, akawa anajaza mawe katika mashimo ya barabara kwa shilingi 5 kwa wiki.

Katika mgawanyo ule, machimbo ya kale ya Swordy Well nayo yalikabidhiwa parokia ili yachimbwe mawe ya kutengenezea barabara. Clare akaitungia ardhi hiyo shairi ambamo ardhi yenyewe ndiyo inayosema. Inasema kwa sauti ya fukara wa parokia, aliyevuliwa kila kitu, anayechimbwa na kila apitaye na asiyebakishiwa hata majani ya kumlisha sungura. Mtu na ardhi wamefikwa na msiba mmoja. Anayelisoma shairi hilo kama sifa za mandhari hajalisoma.

Januari 1820 wachapishaji Taylor na Hessey wa London, ambao ndio waliochapisha pia tungo za John Keats, walitoa diwani ya kwanza ya Clare. Katika ukurasa wa jina la kitabu mtungaji alitambulishwa kuwa ni mkulima fukara wa Northamptonshire, kama mtu anavyomwonyesha mgeni ndege asemaye. Nakala zaidi ya 3,000 ziliuzwa katika mwaka wa kwanza. Wakubwa wakafungua mifuko. Marquess of Exeter alimwahidi pauni 15 kila mwaka kwa maisha yake yote. Ukoo wa Fitzwilliam wa Milton, uliokuwa na ardhi kubwa katika eneo hilo, nao ukatoa. Hapana haja ya kuzikebehi pesa hizo: zilimlisha mke wake Patty na watoto wake. Lakini nguo ya kuazima haisitiri maungo, na bei ya sadaka ilijulikana mapema. Lord Radstock, mmoja wa wafadhili, aliiona mistari fulani ya shairi juu ya Helpston inayoulaumu utajiri, akaiita ya kichochezi na ya mtu asiye na shukrani, akataka ifutwe. Taylor alisitasita, kisha mistari ikaondolewa katika toleo lililofuata. Maskini aliruhusiwa kuimba juu ya ndege. Kumtaja aliyekata mti wa ndege ilikuwa ni kukosa adabu.

Lililofanyiwa ardhi likafanyiwa ulimi. Clare aliandika kwa lahaja ya kwao. Kidimbwi cha maji njiani kwake kilikuwa pudge, konokono alikuwa pooty, na maji yanapoanza kuganda juu kwa baridi alitumia neno crizzle, ambalo mwenye sikio hulisikia likipasuka. Hakutia alama za uakifishi ila kwa nadra, na alimwandikia Taylor kwamba sarufi katika elimu ni kama udhalimu katika serikali. Wachapishaji walitia mikato, wakabadili maneno, na yale ya lahaja waliyoyasalimisha wakayafungia katika faharasa mwishoni mwa kitabu, kama wageni wasioruhusiwa kupita ukumbini. Kitabu chake cha miezi ya mchungaji, kilichotoka mwaka 1827, kilikatwa na kuandikwa upya kiasi kwamba wasomaji walingoja hadi mwaka 1964 kukiona kama kilivyotoka mkononi mwake. Shairi lake juu ya nyika zilizozungushiwa ua halikuchapishwa kabisa wakati wa uhai wake.

Watetezi wa wahariri hao husema kuwa bila ya Taylor Clare asingesomwa. Ni kweli kwamba Taylor alimpenda, alimsaidia, na mara nyingine Clare mwenyewe aliomba msaada wa kurekebishiwa. Lakini kusaidia kusomwa ni jambo moja, na kuamua kuwa kijiji kimekosea katika kusema lugha yake ni jambo jingine. Msomaji aliyelelewa na Kiamu, Kimvita au Kipemba anaijua tofauti hiyo bila ya kufundishwa. Neno la lahaja lina mahali pake katika mizani, lina sauti yake katika kina, na lina ujuzi ndani yake ambao neno sanifu halina. Mwenye kuling'oa neno hilo na kupanda jingine amefanya kazi ya wale wapimaji na minyororo yao: amenyoosha njia, na kijiji kimepotea.

Mwisho wa maisha ya Clare unajulikana kuliko kiini chake. Mwaka 1832 alihamia Northborough, mwendo wa maili tatu tu kutoka Helpston, na umbali huo mdogo ukamvunja. Mwaka 1837 alipelekwa katika hospitali ya wendawazimu huko High Beach, Essex. Julai 1841 alitoroka, akatembea siku nne, maili zipatazo 80, akala majani ya kando ya barabara kwa njaa, akimfuata Mary Joyce, kipenzi chake cha utotoni, ambaye alikuwa amefariki mwaka 1838. Mwishoni mwa mwaka huo alipelekwa Northampton, na daktari aliyejaza hati aliitaja miaka mingi ya kushughulika na ushairi kuwa miongoni mwa yaliyomfikisha huko. Gharama zake zililipwa na Earl Fitzwilliam. Alikaa humo hadi alipofariki tarehe 20 Mei 1864, na maiti yake ikarudishwa kuzikwa Helpston. Ukoo wenye ardhi ulimlipia chumba cha kufungiwa. Hakuna aliyemrudishia nyika ya kutembea.

Ndipo ukaja urithi. Mwaka 1965 mmoja wa wasomi waliofanya kazi kubwa na ya kusifika ya kuyasoma maandishi ya Clare alinunua, kwa pauni 1, kile kilichosemekana kuwa haki miliki ya maandishi yake ambayo yalikuwa bado hayajachapishwa. Dai hilo lilizua mabishano ya miaka mingi miongoni mwa wahariri na washairi. Mtu aliyefariki mwaka 1864, aliyelia juu ya nyua maisha yake yote, maneno yake nayo yakazungushiwa ua. Mwaka 1989 jina lake liliwekwa katika Pembe ya Washairi ndani ya Westminster Abbey, karibu na wakubwa. Mwaka 2005 wadhamini waliojiunga kwa jina lake waliinunua nyumba ya Helpston, wakaitengeneza na kuifungulia wageni.

Kuna wanaouliza: je, ingekuwa bora nyumba ibomoke? La hasha. Waliookoa nyumba wamefanya wema, na bila ya wao pangebaki jina tu. Lakini nyumba hiyo inapong'arishwa, inaficha habari yake yenyewe.  Iligawanywa vyumba vya wapangaji wengi, na familia ilitegemea tufaha za mti mmoja bustanini ili itimize kodi. Kumwonyesha mgeni paa zuri bila ya kumwambia habari ya kodi ni kumdanganya kwa heshima. Karibu na kila picha ya kiota cha ndege ingefaa kuwepo ramani mbili, moja ya kabla ya 1809 na moja ya baada ya 1820, na majina ya waliopata nini. Mgeni akishazitazama hizo, ndipo asome juu ya ndege.

Wapo pia wanaosema kuwa nyua zilileta neema: nafaka iliongezeka, ng'ombe wakanona, na miji iliyokuwa ikifurika watu ikapata chakula. Huongeza kuwa kupanda nyua na kujenga barabara kuliwapa vibarua ajira, na kwamba Clare alikuwa akiulilia utoto wake kuliko nchi yake. Hoja hii ina uzito, na haistahili kujibiwa kwa machozi. Jibu lake ni swali: neema iliandikwa kwa jina la nani? Kilimo kingeweza kuboreshwa bila ya kumfuta mtu asiye na hati. Kilichochaguliwa ni kumfuta. Kuhusu utoto, ni kweli kuwa Clare aliuchanganya na nyika. Lakini mtoto wa kibarua hana ithibati nyingine ya haki yake ila kumbukumbu ya mahali alipopita. Anayeicheka kumbukumbu hiyo anamtaka shahidi alete hati ambayo yeye mwenyewe alikataa kuiandika.

Wala si kwamba hakuna njia njema ya kuutunza urithi huu. Iko, na iko papo hapo. Swordy Well, ambayo siku hizi inaitwa Swaddywell, ilichimbwa, ikafanywa jaa la taka, ikadhaniwa kuwa imekufa. Tangu mwaka 2003 imeshikwa na wenyeji waliojiunga katika dhamana ya Langdyke, na maua na vipepeo vimerudi. Hapo pana heshima kwa mshairi inayozidi ile ya jiwe lililochongwa, maana ardhi aliyoipa sauti imejibiwa. Vivyo hivyo kila Julai watoto wa shule ya kijiji huweka kaburini pake vipande vya udongo wenye majani vilivyochomekwa maua ya kondeni, desturi ambayo Clare mwenyewe aliiandika na kuitumia jina lake kwa mkusanyiko uliongoja mpaka mwaka 1979 kuchapishwa. Katika mambo hayo mawili watu wanatenda, hawatazami tu.

Pima hayo na jambo la njia za miguu, ambalo linawahusu walio hai. Mwaka 2000 ilipitishwa sheria iliyowapa watu haki ya kutembea katika milima, nyika na malisho ya wote yaliyoonyeshwa kwenye ramani. Sheria hiyo hiyo iliweka kikomo: njia za kale ambazo zisingekuwa zimeandikishwa kufikia mwaka 2026 zingepoteza haki yake. Baadaye kikomo kikasogezwa hadi 2031, na Desemba 2024 serikali ikatangaza nia ya kukiondoa. Kwa robo karne, basi, wanakijiji na wapenda matembezi walikuwa wakipekua ramani kuukuu ili waithibitishe nyayo ya babu. Hoja iliyotumika ni ile iliyowanyima fidia watu kama Parker Clare: ada haina muhuri. Clare aliandika shairi fupi juu ya hofu ya mtu anayekatiza shamba pasipo na njia, anayeupenda uzuri wa mahali huku akingoja kufukuzwa. Kumsherehekea mtunzi wa shairi hilo kila mwaka na kunyamaza juu ya njia zinazotaka kufutwa ni unafiki uliovaa kanzu nyeupe.

Yanayodaiwa hayahitaji hazina kubwa. Tungo za Clare zisomwe kwa maneno yake, na faharasa iwe ya kumsaidia msomaji, isiwe jela ya neno. Hati ya mwaka 1820 itundikwe mahali pa wazi, kama inavyotundikwa picha ya mshairi. Maandishi yake yawe ya kila asomaye, pasiwe na mtu wa kudai ushuru mlangoni. Na anayejiita mlinzi wa urithi wa Helpston aonekane mbele ya baraza linaloamua juu ya njia ya miguu, siyo katika karamu ya Julai peke yake.

Clare hakuomba mnara. Alidai kupita palipokuwa njia, na kulitamka jina la mahali kama mama yake alivyolitamka. Hayo mawili yalikuwa yake kabla ya mfadhili yeyote kumjua, na kijiji kinachotaka kumheshimu kimpe hayo, bila ya kungoja ashukuru.